Nitafundishaje aina tatu za miamba mahali penye aina moja tu?

*"Nafundisha Gredi ya 7 na ya 8 hapa kisiwani Lamu. Kila nikifika kwenye mada ya miamba, watoto wanakariri majina matatu, wanafaulu jaribio, na wiki mbili baadaye hawakumbuki kitu. Sina sanduku la vielelezo. Nikitoka nje ya darasa naona jiwe la aina moja, la matumbawe, kuta zote na vichochoro vyote. Mwezi uliopita mwanafunzi mmoja alisema mawe yetu ni ya volkeno kwa sababu yana matundu kama lava iliyo kwenye picha ya kitabu. Mwenzake akapinga, akasema mawe yetu yanaota baharini kama miti, kwa hivyo si mawe kamili. Niliwaambia wote wawili wamekosea, nikaendelea na somo, lakini roho haikutulia. Je, nilijibu sawa? Na nifanyeje ili waelewe aina tatu hali tuna moja? Nimeona pia watu wakiyeyusha chokoleti kuonyesha miamba inavyogeuka. Nijaribu?"*

Mwalimu, swali lako nimelisoma zaidi ya mara moja, na kila mara nimekwama kwa wale watoto wawili. Ulipowaambia wamekosea hukusema uongo, lakini uliwafungia mlango walipokuwa tayari wameushika. Wa kwanza alifanya kazi ya mjiolojia: aliangalia jiwe, akaona alama, akaifananisha na alama nyingine anayoijua. Wa pili yuko karibu na ukweli kuliko anavyojijua. Rudi darasani, wataje mbele ya wenzao, uwape kipindi kizima. Hoja zao mbili zinatosha kubeba nusu ya mada yako.

Tuanze na yule wa pili. Tumbawe lililo hai ni mkusanyiko wa wanyama wadogo laini, jamaa za yavuyavu. Kila mnyama ana mdomo na vishikio vyake, na amekaa ndani ya kikombe cha chokaa alichojijengea mwenyewe kwa madini yaliyoyeyuka katika maji ya bahari. Ndani ya mwili wake huishi mwani mdogo usioonekana kwa macho, nao humlisha kwa kutumia mwanga wa jua. Ndiyo maana matumbawe hustawi penye maji maangavu yasiyo na kina kirefu. Mnyama akifa, kikombe hubaki. Mwingine hujenga juu yake. Mawimbi huvunja vipande, mchanga na makombe hujaza mapengo, na maji yenye chokaa hupenya kwenye rundo lile yakiacha chokaa kidogo kidogo kati ya punje na punje, mpaka rundo linashikana likawa jiwe. Kwa hiyo mtoto hakukosea kusema kwamba jiwe letu liliota. Alikosea mambo mawili tu: aliyelijenga ni mnyama, si mti; na kuwa na asili ya kiumbe hakulipunguzii jiwe ujiwe wake. Mawe ya chokaa kote duniani kwa sehemu kubwa yametokana na mabaki ya viumbe wa majini.

Kisha waulize swali ambalo watoto wa Lamu wana haki ya kuulizwa kabla ya watoto wengine wote: kama tumbawe hukua baharini, mbona watu wa Manda Maweni, kijiji kilicho kwenye kisiwa jirani cha Manda, wanalichimba nchi kavu? Jina lenyewe la kijiji linawaambia kazi yake. Sehemu kubwa ya jiwe hili la pwani yetu ilijengwa yapata miaka 125,000 iliyopita, wakati bahari ilikuwa juu kuliko leo kwa mita kadhaa. Baadaye dunia ikapoa, maji mengi yakafungwa kwenye barafu za kaskazini na kusini, na kufikia miaka 20,000 hivi iliyopita bahari ilikuwa imeshuka kama mita 120 chini ya usawa wa sasa. Miamba iliyokuwa hai ikabaki juu, imekauka, inanyeshewa na mvua. Barafu ilipoyeyuka bahari ikarudi, lakini haikufika tena pale ilipokuwa. Ukisimama kwenye timbo la Maweni ukaona kombe limeganda katikati ya ukuta wa jiwe, unaangalia sakafu ya bahari ya zamani.

Sasa yule wa matundu. Matundu ya lava na matundu ya tumbawe yanafanana kwa mbali tu. Lava ikitoka ardhini inakuwa na gesi ndani yake, na gesi ile ikitafuta njia ya kutoka huacha mapovu yaliyogandia humo, kama matundu ya mkate wa kumimina. Mara nyingi ni ya mviringo, laini kwa ndani, hayana mpango. Tundu la tumbawe ni kikombe cha mnyama: ukiliangalia kwa makini, afadhali kwa kioo cha kukuzia, utaona kuta nyembamba zinazotoka katikati kama miale ya nyota. Juu ya hayo kuna mashimo makubwa yasiyo na umbo, yaliyochimbwa na mvua, kwa sababu maji ya mvua yana asidi kidogo na chokaa huyeyuka polepole ndani yake.

Na kuna kipimo kisichohitaji maabara. Kwaruza jiwe kwa msumari upate unga kidogo, kisha dondoshea siki au ndimu. Jiwe la chokaa litatoa mapovu, kwa sababu asidi inaitoa kabonidioksaidi iliyokuwa imefungwa ndani yake. Lava itanyamaza. Usisahau kukwaruza, maana ndimu ni dhaifu, na juu ya jiwe gumu mapovu yanaweza kuwa machache hata watoto wasiyaone. Mpe kazi hii yule mtoto wa volkeno, aifanye mwenyewe mbele ya wenzake. Akigundua kwa mkono wake kwamba jiwe si la moto, hatalisahau, na hatajiona ameaibishwa.

Kutoka hapo hatua moja tu inakufikisha kwenye nyumba zenu. Fundi wa chokaa huchoma matumbawe kwenye tanuri la kuni, na joto likifika karibu nyuzi 900 za Selsiasi kabonidioksaidi hutoka, jiwe likabaki chokaa kali. Ikitiwa maji ikapakwa ukutani, inaanza kuirudisha ile gesi kutoka hewani, na kwa miezi na miaka inageuka tena kuwa kitu kile kile ilichokuwa kabla ya kuchomwa. Vidaka vilivyochongwa ndani ya nyumba za kale za Lamu ni jiwe la chokaa lililotengenezwa na binadamu juu ya jiwe la chokaa lililotengenezwa na viumbe. Mimi sijaona mji unaofundisha kemia ya jiwe waziwazi namna hiyo. Kipande cha lipu kilichoanguka chenyewe kitatoa mapovu yale yale.

Nikija kwenye swali lako kubwa: tatizo la kukariri linaanzia pale tunapoanza na majina. Mtoto akipewa "miamba moto, miamba mashapo, miamba geu" siku ya kwanza, anayahifadhi kama majina ya wachezaji wa timu asiyoishabikia. Yafiche majina kwanza. Andika ubaoni swali moja, na kila jiwe litakaloletwa liulizwe hilo hilo: umepatwa na nini? Majibu yanayowezekana ni matatu. Niliyeyuka kisha nikapoa. Nilikusanyika kisha nikashikana. Nilibanwa na kupashwa joto nikageuka bila kuyeyuka. Jina lije mwisho, kama kichwa cha habari juu ya kisa ambacho mtoto ameshakisimulia. Ndipo watoto wataona wenyewe kwamba ugumu, rangi na uzito havitoshi kuamua aina. Kuna mawe ya mchanga magumu yanayochosha nyundo, na kuna mawe ya moto mepesi yanayoelea juu ya maji.

Hayo yanayoelea si hadithi. Volkeno ya Krakatau nchini Indonesia ilipolipuka mwaka 1883, mawe yake yaliyojaa mapovu yalielea kuvuka Bahari ya Hindi mpaka yakafika pwani ya Afrika Mashariki mwaka uliofuata. Ukiona mtoto ameleta jiwe jepesi la kijivu aliloliokota ufukweni, lisilotoa mapovu kwenye siki na linaloelea kwenye ndoo, huenda ameokota lava iliyosafiri mbali kuliko jahazi lolote analolijua.

Umesema mna aina moja. Chini ya miguu yenu, ni kweli kwa kiasi kikubwa. Lakini jirani zenu wa Malindi wanaletewa aina zote tatu kila msimu wa mvua, bure, na anayezileta ni Mto Sabaki. Fuata mto huu kwenye ramani pamoja na darasa. Unaanzia nyanda za juu upande wa Nairobi ukiitwa Athi. Unateremka kando ya Uwanda wa Yatta, mkondo wa lava wenye urefu wa karibu kilomita 300, mmoja wa mirefu kabisa duniani, uliomwagika zaidi ya miaka milioni 13 iliyopita. Hapa simama kidogo, kwa sababu pana kisa kizuri: lava ile ilifuata bonde la mto wa zamani, ikaganda ngumu, ardhi laini ya kando ikamomonyoka kwa mamilioni ya miaka, na leo lililokuwa bonde ndilo limeinuka kama ukuta. Waambie watoto wachore hatua zake tatu. Ndani ya Tsavo mto unakutana na Mto Tsavo, jina linakuwa Galana, na kwenye maporomoko ya Lugard maji yanapita juu ya naisi, mwamba geu wenye michirizi ya rangi nyeusi na nyeupe, mkongwe kuliko lava ile kwa mamia ya mamilioni ya miaka. Mwisho unaitwa Sabaki na kumwagikia baharini kaskazini ya mji wa Malindi, na mvua zikinyesha bara, ghuba nzima inageuka rangi ya chai ya maziwa.

Kwa hiyo mchanga wa Malindi na Mambrui ni maktaba ndogo. Vipande vinavyometa kama dhahabu ni ulanga, uliotoka kwenye miamba geu ya bara. Punje nyeusi nzito zina chuma, na baadhi zitarukia sumaku iliyotolewa kwenye spika mbovu ya redio. Vipande vyeupe ni makombe na matumbawe ya hapa hapa. Muombe mtu anayepanda basi kutoka Malindi akuletee nusu kilo. Uweke kando ya mchanga wa ufukwe wa Shela, hapo hapo kisiwani kwenu, dondoshea siki kwenye yote miwili, uwaache watoto waamue tofauti ni ipi. Usiwaambie kabla.

Njia ya pili ya kupata mawe ni walimu wenzako. Wengi wanaofundisha Lamu kwao ni bara. Shule zikifungwa, kila anayesafiri aombwe kurudi na jiwe moja la ukubwa wa ngumi, lililofungwa kwenye karatasi iliyoandikwa limeokotwa wapi. Anayepitia Voi atapata jiwe lenye ulanga unaometa. Anayetoka Naivasha anaweza kupata kioo cheusi cha volkeno, kiletwe kwa uangalifu maana makali yake hukata kama wembe. Anayepitia Kajiado aulize marumaru. Kwa fundi wa kaunta za jikoni za mahoteli kuna vipande vinavyotupwa vya mawe ya kung'arishwa. Tahadhari moja hapo: mfanyabiashara huita "graniti" karibu kila jiwe gumu la kung'aa, na baadhi yake ni naisi. Ukiona michirizi inayofuata upande mmoja, usikubali jina la dukani.

Chokoleti sasa. Nakushauri uiache, na sababu si joto la Lamu tu. Mwamba geu hauyeyuki. Hilo ndilo kosa ninalolikuta mara nyingi zaidi, hata kwa walimu, na chokoleti inalipandikiza: mtoto anaona kitu kimekuwa uji, anaambiwa "ndivyo mwamba unavyogeuka." Kilichoyeyuka kikaganda ni mwamba moto. Badala yake tumia unga wa chapati. Changanya punje za mchele mbichi ovyoovyo ndani ya donge, lilaze kati ya vibao viwili, watoto walibane kwa nguvu kutoka juu, kisha ulikate kwa kisu. Punje zilizokuwa zimesimama kila upande zitakuwa nyingi zimelala, zimekingama na nguvu iliyozibana. Michirizi ya naisi ina asili ya namna hiyo. Lakini waambie pia unga unaposhindwa: kwenye mwamba wa kweli madini yenyewe hubadilika, mengine mapya humea, kwa joto la mamia ya nyuzi, na kazi huchukua mamilioni ya miaka. Jiwe la Manda likizikwa kilomita nyingi chini ya ardhi, nyota za matumbawe na makombe yake yote yatafutika, chokaa itajipanga upya kuwa fuwele, yaani punje za madini zilizojijenga kwa mpangilio, zilizoshikamana, na litakalotoka ni marumaru.

Kwa miamba moto, nenda dukani ununue shabu, yale mawe meupe wanayotumia wanyozi. Iyeyushe kwenye maji ya moto mpaka isiyeyuke tena. Nusu imimine kwenye chupa ya chai uifunike mpaka kesho, nusu kwenye sahani ya bati iliyokaa juu ya maji baridi. Kilichopoa polepole kitakuwa na fuwele kubwa, kilichopoa haraka kitakuwa na fuwele ndogo. Hapo ndipo graniti, iliyopoa chini kabisa ya ardhi kwa muda mrefu mno, inapoachana na basalti, lava nyeusi iliyopoa juu. Kile kioo cha Naivasha kilipoa haraka hata fuwele hazikupata nafasi ya kuumbika. Uwaeleze kwamba shabu imeganda kutoka kwenye maji, ilhali lava ni jiwe lenyewe lililoyeyuka. Kanuni ya mwendo wa kupoa ndiyo iliyo sawa. Chupa hiyo isirudishwe kutiliwa chai.

Mashapo ndiyo rahisi kuliko yote: tope la mikoko, mchanga na vipande vya makombe ndani ya chupa ya maji, itikise, iweke dirishani. Vizito hutua kwanza, tope hutua mwisho, na kesho yake maji ya juu huenda yakawa bado na ukungu. Ukipata picha za korongo la Marafa, upande wa bara ya Malindi, waonyeshe baada ya chupa hiyo. Zile kuta nyekundu, nyeupe na za waridi, ambazo wenyeji wanapaita Nyari, ni mchanga uliolazwa tabaka kwa tabaka na kutiwa rangi na chuma kilichoshika kutu, na kwa sababu haujashikana sawasawa, mvua inauchonga kila mwaka. Wazee wanasimulia kwamba mahali pale palimeza jamaa ya matajiri waliooga kwa maziwa. Simulizi hiyo nayo isomwe darasani. Watu waliotunga kisa cha ardhi kufunguka walikuwa wameiangalia ardhi hiyo kwa makini.

Mambo mawili ya kurekebisha kabla hayajaota mizizi. Kile kielelezo cha mishale inayozunguka kwenye vitabu huwafanya watoto waamini kwamba kila jiwe lazima lipite moto, mashapo, geu, kwa zamu. Hakuna zamu. Mwamba geu unaweza kumomonyoka ukawa mchanga wa Malindi bila kuyeyuka kamwe, na mwamba geu unaweza kubanwa ukageuka mara ya pili. La pili, chini ya ganda la dunia hakuna bahari ya moto. Tabaka lile ni mwamba mgumu, wenye joto kali, unaojongea polepole sana. Huyeyuka mahali mahali tu, pale mgandamizo unapopungua au maji yanapoingia. Bonde la Ufa ni mahali pa namna hiyo.

Safari ya Marafa kwa watoto wa Lamu ni gharama na mwendo mrefu, kuanzia mashua ya Mokowe. Kama fedha ni za safari moja tu, mimi ningeanza na Manda Maweni, kisha nimwalike fundi wa mawe aje shuleni na nyundo yake. Anajua jiwe lipi lina mshipa na lipi litapasuka vibaya, na maneno yake watoto watayashika kuliko yangu. Timboni wabaki juu, pembezoni, pamoja na mwenye timbo, shimoni wasishuke. Nyundo ikipigwa, anayepiga na aliye karibu wavae miwani ya kinga.

Matumbawe hai yasiguswe. Malindi kuna hifadhi ya bahari tangu 1968, na Kiunga upande wenu, na humo kuokota matumbawe na makombe hakuruhusiwi. Kuta za mji wa kale, ulio kwenye orodha ya urithi wa dunia tangu 2001, zisikwaruzwe hata kwa nia njema. Nenda ukaongee na watu wa Makumbusho ya Lamu, waombe wakuonyeshe kuta zilizo wazi na wakupe mtu wa kuandamana na darasa. Na kuchoma chokaa au kuitia maji kusifanywe darasani kabisa. Chokaa kali ikiingia jichoni inaunguza: jicho lioshwe kwa maji safi mengi, mfululizo, kwa dakika 20 au zaidi, na mtoto apelekwe hospitali siku hiyo hiyo hata akisema maumivu yamepoa.

Mawe mengine yatakushinda, kama yanavyonishinda mimi nikiyaona kwenye picha tu. Usibahatishe jina mbele ya watoto. Tenga boksi moja uliandike "Bado hatujui", na kila jiwe liingie humo na karatasi yake: limeokotwa wapi, lini, na nani, lilitoa mapovu au halikutoa. Mjiolojia akipita Lamu, boksi lifunguliwe mbele yake, au wewe ukienda Mombasa ulibebe. Jiwe la kwanza la kuweka humo liwe lolote watakaloleta wale wawili.